Heshima Yenye Kauli Mbili: Lila Abu-Lughod na Wanawake wa Jangwa la Misri

Ndugu mwenyekiti, walimu wangu, wanafunzi, wazazi mliofika na ndugu zangu nyote, assalamu alaykum, na asanteni kwa kunipa nafasi hii.

Nimeombwa nizungumze juu ya tafiti za jamii za Waarabu na Waislamu, na juu ya suala la utambulisho. Mada hii ni bahari, na anayetaka kuiogelea yote atazama. Kwa hiyo nimeamua kushika mtafiti mmoja tu, mwanaanthropolojia Lila Abu-Lughod wa Chuo Kikuu cha Columbia, na katika kazi zake nyingi nitakaa zaidi kwenye jambo moja alilolisikia jangwani, kwa sababu naamini kwamba yote aliyoyaandika baadaye yalichipuka hapo. Jambo lenyewe ni kwamba mtu yule yule, juu ya msiba ule ule, anaweza kutoa kauli mbili zinazopingana, na zote mbili zikawa za kweli.

Mwaka 1978, Lila alikuwa mwanafunzi kutoka Marekani aliyekwenda Misri kufanya utafiti wake wa nyanjani. Alitaka kuishi na Awlad Ali, Mabedui wa Jangwa la Magharibi, ambao makazi yao yametanda kando ya Bahari ya Kati kutoka upande wa Iskandaria hadi mpaka wa Libya. Baba yake, Ibrahim Abu-Lughod, Mpalestina aliyezaliwa Jaffa mwaka 1929, alishikilia kwamba lazima ampeleke yeye mwenyewe. Binti alikubali shingo upande, maana ni mtafiti gani huyo anayeanza kazi akiwa ameshikwa mkono na baba? Walikwenda pamoja, baba akazungumza na mwenye nyumba, akamkabidhi binti yake, kisha akarudi.

Ilimchukua Lila muda kuelewa kwamba ile safari ya baba ndiyo iliyomfungulia mlango. Kwa watu wale, msichana anayetokea peke yake kutoka mbali ni msichana wa kutiliwa shaka: huenda ametenda jambo la kumtoa kwao, au hana watu wanaomjali. Baba alipofika naye, alithibitisha kwamba binti huyu ana kwao. Tangu siku ile alipokewa kama binti wa nyumba, akalindwa kama binti, na akatarajiwa kuenenda kama binti: avae kwa stara, asaidie kazi, na asikae palipo na wanaume wageni. Aliishi hivyo hadi mwaka 1980. Ninalisisitiza hili kwa sababu vijana wetu wanaojiandaa kufanya utafiti hufundishwa kuandaa hojaji kabla ya kufundishwa namna ya kubisha hodi.

Sasa niwaombe msikilize maneno matatu ambayo Lila aliyakuta yakirudiwa katika mazungumzo ya kila siku ya Awlad Ali: asl, agl na hasham. Hapa ukumbini hakuna anayehitaji mkalimani. Asl ni asili. Agl, kwa matamshi yao ya jangwani, ni akili. Na hasham ni ndugu wa damu wa neno letu heshima, kwa kuwa yote mawili yametoka katika mzizi mmoja wa Kiarabu. Msomaji wa Kiingereza hulazimika kusoma kurasa nyingi ili aelewe kwa nini neno moja linaweza kubeba haya, adabu, stara na utu kwa pamoja. Sisi tuna neno hilo hilo, na tunalitumia tangu asubuhi hadi jioni.

Lakini tusikimbilie kusema kwamba tumekwisha kuelewa. Kwa Awlad Ali, asili ni nasaba na damu, na mwenye asili njema ni mtu asiyetawaliwa: hamnyenyekei mtu, anajitegemea, anaimudu nafsi yake hata anapoumizwa. Hapo ndipo linapozuka swali ambalo Lila aliliuliza kwa makini kuliko waliomtangulia. Ikiwa heshima ni kutotawaliwa, mwanamke anayemtegemea mumewe, au kijana anayemtegemea baba yake, ataipata wapi? Jibu alilolipata ni kwamba mnyonge hupata heshima kwa kuitoa kwa hiari. Anayenyenyekea kwa kuogopa fimbo hana sifa yoyote, bali anayemtambua mkubwa wake na kumstahi bila kushurutishwa huonyesha kwamba ana akili, na kwa hiyo naye ni mtu huru. Hasham ni heshima inayotolewa na mtu ambaye angeweza kuizuia.

Hili linaonekana wazi katika kujifunika uso. Mwanamke wa Awlad Ali aliyeolewa alivaa kitambaa cheusi kichwani na mshipi mwekundu kiunoni. Anapoingia mzee, au baba mkwe, huvuta kile kitambaa akafunika uso. Anapoingia kijana mdogo asiye na cheo juu yake, hajishughulishi. Na akija Mmisri wa bonde la Nile au Mzungu, ambaye hayumo kabisa katika hesabu yao ya heshima, anaweza kumwacha amwone uso wake. Tafakarini hilo. Mgeni huyo akirudi kwao atasimulia kwamba wanawake wale hawajifuniki, au kwamba wameanza kuendelea, kumbe alichokiona ni kwamba yeye hakustahili kufunikiwa uso. Kitambaa hakisemi neno moja kwa kila mtu. Kinategemea aliye mbele yako na wewe ni nani kwake.

Nimefika sasa kwenye kile nilichokitaja mwanzo. Lila hakwenda jangwani kutafuta mashairi, na mwanzoni aliyapuuza. Alikuwa akitaka kujua namna watu wanavyohusiana na wanavyozungumzia hisia zao. Lakini katikati ya mazungumzo mwanamke angesita, akatia kifungu kifupi cha mashairi, na wenzake wangenyamaza au machozi yangewalengalenga. Kifungu hicho huitwa ghinnawa, yaani kiwimbo. Ni mistari miwili tu, maneno machache kuliko ubeti wetu mmoja wa tarbia. Hamna jina la mtu ndani yake. Mpenzi huitwa aziz, neno ambalo nalo twalijua, na nafsi inayoumia huweza kusemewa kama jicho linalolia au akili iliyokata tamaa. Ghinnawa husemwa mbele ya wasiri: wanawake kwa wanawake, vijana kwa vijana. Haisemwi mbele ya mkubwa anayestahiwa. Wanawake walimwonya Lila asije akawasomea wanaume mashairi yao aliyokuwa akiyaandika katika daftari lake.

Basi chukueni mfano wa mke wa kwanza ambaye mumewe ameoa mke mwingine. Ukimuuliza anaonaje, atakujibu kwamba hajali, kwamba aliyekwenda na aende, au atakasirika na kulaumu. Hayo ndiyo maneno ya mtu mwenye asili: hakuna awezaye kumtikisa. Kisha, baada ya muda, akiwa na wenzake, mwanamke huyo huyo anatoa ghinnawa ya kukata tamaa, ya jeraha lililodhaniwa limepona na likafunguka tena. Wanaume nao walikuwa hivyo. Mwanamume aliyeachana na mke aliyempenda angezungumza kwa ukali au kwa kupuuza, na shairi lake lingesema mengine.

Hapa naomba ruhusa niseme kidogo juu ya bibi yangu mzaa mama. Babu alimwacha akaenda kuishi na mke mwingine mji wa mbali, na miaka yote nilipokuwa mtoto, mtu akimuuliza habari za mumewe alijibu neno moja tu: "Salama." Alilisema kwa sauti kavu, uso ukiwa mkunjufu, na mwulizaji hakuthubutu kuongeza swali. Lakini alasiri, anapokaa kibarazani kusuka ukili, miguu kainyosha, miyaa iliyotiwa rangi iko kando yake, alikuwa akiimba kwa sauti ya chini wimbo wenye maneno machache juu ya chombo kilichong'oa nanga bila kuaga. Aliusuka ukili hadi unafika urefu wa chumba, na wimbo ulikuwa ule ule. Akipita mwanamume barazani, hunyamaza. Miaka mingi baadaye, niliposoma maelezo ya Lila juu ya ghinnawa, niliweka kitabu chini, kwa sababu nilitambua kwamba nilikuwa nimeishi ndani ya nyumba yenye jambo hilo na sikuwa nimelisikia.

Mtu mwepesi atasema kwamba ile "salama" ilikuwa uongo na wimbo ndio ukweli, na kwamba jamii ilimlazimisha bibi avae barakoa, na chini ya barakoa kulikuwa na mtu halisi. Lila alikataa maelezo hayo, na huo ndio mchango wake ninaouthamini kuliko yote. Alionyesha kwamba shairi nalo lina kanuni zake, lugha yake na mahali pake. Ni utamaduni kama yale maneno makavu yalivyo utamaduni. Isitoshe, shairi haliibomoi heshima ya anayelitoa, bali humwongezea, kwa kuwa wanaomsikiliza hutambua ukubwa wa maumivu anayoyatawala. Yule anayesema "sijali" na hana ghinnawa yoyote huenda ni mtu asiyehisi. Yule anayesema "sijali" na shairi lake linalia ni mtu anayehisi na bado amesimama wima. Kauli mbili hizo zinakamilishana, na mtafiti aliyesikia moja tu hawezi kusema kwamba amemjua mtu huyo.

Kitabu alichokiandika juu ya mambo haya kilitoka mwaka 1986. Miaka minne baadaye alieleza namna alivyoona nguvu zinazowatawala watu zikibadilisha njia. Wasichana wa Awlad Ali waliokulia katika nyumba za matofali, karibu na masoko ya mji, walianza kutamani nguo za ndani za dukani, krimu na vipodozi. Bibi zao walichukia. Wasichana waliona kwamba wanawapinga wazee, na kweli walikuwa wakiwapinga, lakini fedha za kununulia vitu hivyo zilitoka kwa mume, na kwa kila kitu walichokitamani walijifunga zaidi kwake na kwenye soko. Sitakaa sana hapo. Nataka tu mwone kwamba hakuwahi kuwachora Mabedui kama watu walioganda nje ya wakati.

Mwaka 1991 alichapisha makala akisema kwamba neno "utamaduni" lenyewe, namna wanaanthropolojia walivyolizoea, linawafanya watu wengine waonekane kama kundi moja lenye sura moja, fikra moja na mipaka iliyochongwa. Sisi tuna maisha, wao wana utamaduni. Sisi tunabishana, tunabadili mawazo na kujuta, wao wanafuata mila. Alishauri tuandike habari za mahususi: mtu fulani, siku fulani, ugomvi fulani wa nyumba fulani, na namna alivyoamua, akasita, akaghairi. Alilisema hilo akijua mwenyewe kukaa katikati. Baba yake Mpalestina, mama yake, Janet Abu-Lughod, mwanasosholojia wa Kimarekani aliyeandika historia ya jiji la Kairo. Mtu wa nusu na nusu hawezi kusema "wao" kwa urahisi, maana kila akilitamka neno hilo kuna upande wake mmoja unaogeuka kumtazama.

Kisha ukaja mwaka 2001. Mnamo Oktoba Marekani ilianza kuipiga Afghanistan kwa mabomu, na tarehe 17 Novemba mke wa Rais, Laura Bush, alihutubia taifa kwa redio akiunganisha vita dhidi ya ugaidi na haki na utu wa wanawake. Watu walianza kumpigia Lila simu, kwa kuwa ni mtaalamu wa wanawake wa Kiislamu, wakitaka aeleze utamaduni wao na dini yao. Yeye aliuliza kwa nini wanaulizwa wataalamu wa mila, wakati nchi ile ilikuwa na historia ya vita vya zaidi ya miaka 20, vyenye mikono ya mataifa makubwa ndani yake. Makala yake ya mwaka 2002, iliyouliza kama kweli wanawake wa Kiislamu wanahitaji kuokolewa, ikawa miongoni mwa makala zinazosomwa sana katika fani hii, na mwaka 2013 aliikuza ikawa kitabu.

Alikumbusha kwamba hadithi hii ya kuokoa ni kongwe. Lord Cromer, aliyeitawala Misri kwa niaba ya Uingereza kuanzia mwaka 1883 hadi 1907, aliusema vibaya Uislamu kwa namna ulivyowatendea wanawake, na aliporudi kwao akaongoza chama cha wanaume waliopinga wanawake wa Kiingereza kupiga kura. Mei 1958, katika jiji la Algiers, wakati Waaljeria wakipigania uhuru wao, palifanywa hafla ambamo wanawake walivuliwa mabuibui yao hadharani ili kuonyesha kwamba wako upande wa Ufaransa. Anayeokoa, aliandika Lila, huwa anamtoa mtu mahali na kumpeleka mahali pengine, na ni lazima aulizwe: unampeleka wapi, na nani alikwambia kwamba huko ndiko kwema?

Katika makala hiyo aliligusa vazi la burka, akakumbusha kwamba mtafiti mmoja aliyefanya kazi Pakistani alikuwa ameliita sitara ya kubebeka, yaani nyumba ambayo mwanamke anatembea nayo, awe nje na bado yumo katika hifadhi ya kwao. Wenzetu wa Lamu hawatalishangaa hilo. Zamani mwanamke wa kiungwana wa Lamu alipita mitaani ndani ya shiraa, hema la kitambaa lililoinuliwa na watumwa, na wale waliolibeba hawakuruhusiwa stara kama ile. Huko Unguja nako, waliokuwa watumwa walijipatia buibui baada ya utumwa kwisha, wakadai kwa nguo ile kwamba nao sasa ni waungwana. Wageni waliopita waliona giza jeusi, na waliolivaa walikuwa wakitangaza uhuru.

Lila alikwenda pia Misri ya Juu, katika kijiji kisicho mbali na Luxor, kutazama namna watu wanavyoipokea tamthilia ya televisheni iliyoandikwa na wasomi wa Kairo kwa nia ya kuwaelimisha. Katika kijiji hicho alikuwa na rafiki, mwanamke aliyelea watoto wengi huku mumewe akiwa mbali kwa ajili ya kazi. Siku moja Lila alimwambia kwamba anaandika juu ya namna watu wa Magharibi wanavyoamini kwamba wanawake wa Kiislamu wanaonewa. Rafiki yake akasema kwamba ni kweli, wanawake wengi wanaonewa. Lila akamuuliza kama ni Uislamu unaowaonea. Mwanamke yule alishangaa, akakataa. Ni serikali, alisema, isiyojali kama watu wana kazi, wala kwamba bei zimepanda. Tazameni alivyokubali na kukataa kwa pumzi moja. Anayetafuta mwathirika wa dini angeandika nusu ya kwanza, na anayetafuta mtetezi wa mila angeandika nusu ya pili.

Nina jambo moja ambalo sikubaliani naye kikamilifu, na si haki nilifiche. Hofu yake kwamba maneno ya haki za wanawake yatatekwa na wenye mabomu ni hofu ya kweli. Lakini msichana anayepigwa nyumbani kwao usiku huu, akitaka kwenda mahakamani, anahitaji sheria, na sheria huandikwa kwa maneno ya jumla. Hawezi kungoja hadi tumalize kueleza umahususi wa kila nyumba. Lila analijua hilo, na mara nyingi amesema kwamba kukataa uokozi si kukataa kushirikiana na wanaodai haki zao wenyewe. Hata hivyo, nikisoma kurasa zake naona amelinda vizuri zaidi mlango unaoingiliwa na wageni kuliko mlango ambao msichana yule anataka kutokea. Wanafunzi wangu hubishana nami juu ya hili kila mwaka, na ninafurahi wanapobishana.

Mwaka ule ule wa 2001, kabla ya simu zile kuanza kulia, Ibrahim Abu-Lughod alifariki dunia Ramallah. Alikuwa ameondoka Jaffa mwaka 1948 akiwa kijana, akafundisha Marekani kwa miaka mingi, kisha katika miaka ya 1990 akarudi Palestina kufundisha Chuo Kikuu cha Birzeit, akawa akiwatembeza jamaa na wageni katika mitaa ya mji wake wa kuzaliwa, akiwaonyesha ilipokuwa nyumba fulani na shule fulani. Lila ameandika juu ya marejeo hayo ya baba yake na juu ya yeye mwenyewe kuujua mji ambao aliusikia kwa masimulizi tangu utotoni. Safari hii mwanamke aliyekuwa akisikilizwa kwa makini, ili ijulikane anachokisema na anachokiimba, alikuwa mtafiti mwenyewe. Baba aliyempeleka binti yake jangwani ili watu wajue kwamba ana kwao alizikwa Jaffa, katika makaburi yanayoitazama bahari.

Asanteni sana kwa kunisikiliza.